Treni inapita, dirisha iko wapi?

Vijana wenzetu wa Kolwezi, wa Fungurume, wa Likasi, wa Lubumbashi, na ninyi wote munaosoma hii kwa simu mukiwa mu taxi-bus ao nyuma ya manseba: leo hatuandiki juu ya kura wala juu ya umeme. Leo tunaandika juu ya dirisha. Najua mutauliza: "Batu habana maji, sasa munatuletea mambo ya dirisha?" Ndiyo. Someni mpaka mwisho, kisha mutasema.

Asubui moja hapa Kolwezi, pale barabara inapokata reli, tulisimama wote. Moto, taxi, kamio ya mchanga, mama na beseni ya mikate kichwani. Treni ya mizigo ilikuwa inapita. Mbele yangu kulikuwa mama mumoja juu ya moto, na mutoto wake wa miaka sita hivi, amevaa nguo ya masomo. Mutoto akaanza kuhesabu vagoni kwa sauti. Alipofika kumi na saba akanyamaza, akageuka, akauliza: "Mama, hii treni madirisha yake iko wapi?" Mama akamujibu: "Hii haiko ya batu. Njo ya mali."

Watu tuliokuwa pale tulicheka. Manseba akaongeza yake, tukacheka tena. Lakini nilipofika nyumbani lile neno lilikatala kutoka kichwani. Haiko ya batu. Mutoto wa miaka sita anaona ile kitu ambayo sisi wakubwa tumezoea mpaka hatuioni tena: mu muji wetu treni inapita kila mara, na hakuna mutu anayeangalia inje kutoka ndani yake.

Masomo ya nkambo

Nkambo wangu alitumika kazi ya reli miaka mingi. Nilipokuwa na miaka nane nilisafiri naye kutoka Likasi mpaka Kolwezi. Alinipa kiti cha pembeni ya dirisha, akaniwekea sheria moja tu: "Usilale. Mutu wa kulala mu treni analipa tiketi ya bule."

Sikulala. Na ile siku nilijifunza juu ya inchi yangu kuliko mwaka muzima wa jiografia, ambako mwalimu alituandikia majina ya mito ya Bulaya ku ubao.

Tulipokaribia Fungurume alinionyesha vilima. Pembeni yote kulikuwa pori la miti, halafu ghafula kilima kimoja kiko na kichwa kipara, majani tu, hakuna muti hata mumoja. Nilifikiri watu walikata makala. Akasema: "Hapana. Pale muti hauwezi kuota. Udongo uko na shaba mingi, inaua mizizi. Ukiona kilima kipara, ujue chini kuko feza." Ni kweli kabisa. Vilima vya shaba vya kwetu viko na majani na maua yake ambayo yanavumilia sumu ya shaba. Kuna ua moja ambalo watu wanaliita ua la shaba, na wataalamu wa madini walilifuata ginsi unavyofuata alama ya njia. Mu vitabu wanaandika kwamba Jules Cornet, Mubeljiji, alipima madini ya Katanga mu 1892. Sawa. Lakini mbele yake wazee wetu walishaona vile vilima vipara, walishachimba, walishayeyusha, walishatengeneza misalaba ya shaba ambayo watu walifanyia biashara mbali sana. Msiri alifika huku kutoka Unyamwezi mu karne ya 19 sababu ya hiyo hiyo shaba, na Kiswahili kilianza kuingia huku na biashara ya wakati ule. Hata hii luga ninayoandika, shaba iko ndani ya historia yake.

Halafu Tenke. Nkambo akasema: "Hapa njia inagawanyika. Moja inapanda Kamina, ingine inaenda kwetu Kolwezi, mpaka Dilolo, mpaka bahari." Sikujua kwamba reli ya kwetu inafika bahari. Nilifikiri inaishia pale tunapolala.

Halafu daraja la Lualaba. Treni ilipunguza mwendo, chuma kikalia chini yetu, akanishika bega: "Angalia hii maji. Kule mbali wataiita Congo, itapita Kisangani, itapita Kinshasa. Lakini inaanzia kwetu." Nilijisikia mukubwa.

Na juu ya yote, waya. Waya zilitufuata njia yote. Akaeleza kwamba reli ya Katanga ilianza kutembea na umeme mu miaka ya 1950, mbele ya inchi mingi za dunia, sababu maji ya mito yetu ilikuwa imefungwa ili kutoa nguvu: Mwadingusha tangu 1930, Nzilo mu 1952, Nseke mu 1956. Kisha jua likashuka. Tukapita kijiji, na ndani ya nyumba niliona mataa ya mafuta. Nikamuuliza: "Nkambo, waya si iko hapa juu yabo? Juu ya nini beko mu giza?" Hakujibu. Aliangalia dirisha mpaka tulifika.

Hiyo njo kazi ya dirisha. Inakuonyesha kilima, kisha shimo, kisha waya, kisha mto, kisha kijiji kilicho mu giza, kimoja nyuma ya kingine, mpaka wewe mwenyewe unaanza kuunganisha. Hakuna muwalimu anayekusukuma. Unaketi, unaangalia, na ulizo linakuja peke yake. Mutu anayesafiri na ndege anaona mawingu. Katodi ya shaba iliyofungwa juu ya vagoni haiulizi kitu.

Reli ilijengwa juu ya nani?

Tusijidanganye: hii reli haikujengwa ili mutoto aone mandhari. Union Minière ilizaliwa mu 1906, na kampuni ya reli ya BCK mwaka huo huo. Reli iliingia Elisabethville, Lubumbashi ya leo, mu 1910 ikitoka kusini, na mwaka uliofuata, 1911, shaba ya kwanza ikayeyushwa pale. Mu 1931 njia ya Tenke, Kolwezi na Dilolo iliungana na reli ya Benguela, karibu kilomita 1,300 mpaka bandari ya Lobito, ku Angola. Kolwezi yenyewe kama muji ilikuja nyuma ya reli. Reli ilituzaa.

Treni za wakati ule zilikuwa na madirisha, ila hata madirisha yalikuwa na rangi ya ngozi. Wazungu mbele, mu viti vya ngozi. Wetu nyuma, juu ya mbao. Lakini hata nyuma, watu waliona. Wafanyakazi walioletwa kutoka mbali kuchimba waliona njia ambayo wangerudia. Mama wa biashara walibeba samaki wa Bukama, mihogo, mafuta ya ngazi. Wanafunzi walienda masomo. Barua zilisafiri. Reli ya mali ikawa, bila kuomba ruhusa, reli ya watu.

Na dirisha liliona mambo mabaya pia. Mu 1975 vita vya Angola vilifunga njia ya Lobito, na ikakaa imefungwa karibu miaka 40. Mu 1977 wale askari waliotoka Angola walipita Dilolo wakafika Mutshatsha, njia ile ile ya reli. Mu 1978 vita vikafika Kolwezi kwenyewe. Waulizeni wazee wenu, wakingali hai. Wengi hawajasema hata nusu.

Na iko kitu ambacho hatupendi kusema mezani. Mu 1992 na 1993, watu wa Kasai waliofukuzwa huku walilala ku lagare ya Likasi na ya Kolwezi, wiki kwa wiki, miezi kwa miezi, wakingojea treni ya kuwarudisha ku inchi ambayo wengi wao walikuwa hawajaiona hata siku moja. Walizaliwa hapa. Watoto walikufa pale pale, juu ya simenti. Waliobahatika kupanda waliangalia Kolwezi mara ya mwisho kupitia dirisha. Nasema hili sababu vijana wengi wa leo wanapita mbele ya lagare na hawajui wanapita juu ya nini. Kama tunataka kusema juu ya reli, tuseme yote. Na kama kesho mutu wa siasa atakuja kutuambia nani ni wa hapa na nani si wa hapa, tukumbuke lile dirisha.

Wale wa juu ya vagoni

Leo hali ni gani? Treni ya abiria imekuwa kama mugeni wa mbali: unasikia atakuja, huoni tarehe. Kwa hiyo watu wanapanda treni ya mizigo. Wanapanda juu ya vagoni, kati ya vagoni, juu ya makala na magunia. Mu mutaa wetu kijana mumoja alienda mpaka Dilolo vile. Aliporudi nikamuuliza aliona nini. Akasema: "Yaya, niliona yote. Juu kule hakuna kioo. Lakini hauangalii mbali. Unaangalia mikono yako tu, kama ingali inashika."

Usiku wa tarehe 10 Machi 2022, treni ya mizigo ilianguka Buyofwe, teritware ya Lubudi, hapa hapa mu provinsi yetu ya Lualaba. Vagoni ziliingia mu korongo. Watu zaidi ya 60 walikufa, na hesabu ikaendelea kupanda siku zilizofuata. Walisemwa "clandestins". Angalieni neno lile. Mutu anayetoka kuuza mahindi ili alipe masomo ya mutoto, hana treni ingine, hana barabara wakati wa mvua, amelipa matabishi ili wamwache apande, siku anapokufa tunamuita wa kujificha. Nani alijificha? Wao walikuwa juu, wazi, kila mutu aliwaona mu kila lagare.

Na haikuwa mara ya kwanza. Novemba 2017, upande ule ule wa Lubudi, treni ya mafuta ilianguka ikawaka, watu zaidi ya 30 wakafa. Aprili 2014, karibu na Kamina, treni ingine, na makumi ya wafu. Kila mara tulilia, kila mara ikasemwa uchunguzi utafanyika, kila mara treni ya mizigo ikarudi juu ya reli mbele ya treni ya watu.

Kolidori ya nani?

Sasa wanatuambia mambo yatabadilika. Kila mutu anasema "Kolidori ya Lobito". Upande wa Angola, Wachina walitengeneza reli upya kuanzia 2006 mpaka 2014. Mu 2022 Angola ilitoa ile njia kwa miaka 30 kwa muungano wa Trafigura, Mota-Engil na Vecturis. Oktoba 2023, ku Bruxelles, Marekani, Umoja wa Ulaya, Angola, Zambia na inchi yetu zilitia sahihi karatasi ya kuendeleza kolidori. Mwisho wa mwaka ule, shaba ya Kamoa-Kakula ilifika Lobito kwa siku kama 8 tu, wakati kamio zinazopita Kasumbalesa kwenda Durban zinakula majuma. Desemba 2024 Rais Biden alifika Lobito mwenyewe, akakutana pale na marais wa Angola, Zambia na wa kwetu.

Hatukatai. Tuseme wazi, sababu kuko watu watasema vijana wanapinga kila kitu. Anayejua barabara ya Kolwezi mpaka Likasi anajua juu ya nini reli ni nzuri. Foleni za kamio, vumbi, ajali, watoto wanaotembea pembeni ya magurudumu yenye tani 40. Congo ilitoa shaba zaidi ya tani milioni 3 mu 2024. Ni ya pili duniani. Ile yote kuibeba juu ya lami ni wazimu. Reli irudi. Tunaitaka.

Ulizo letu ni lingine. Mu nyumba, kolidori ni mahali gani? Ni pale watu wanapita. Hakuna anayelala mu kolidori, hakuna anayekulia bukari mu kolidori. Kama Dilolo, Kasaji, Mutshatsha, Kolwezi na Tenke zimekuwa kolidori, basi chumba kiko wapi? Kiko Lobito? Kiko ng'ambo ya bahari? Na sisi tunaoishi hapa ni nini, ni ukuta?

Someni hotuba zao. Mutaona tani, mutaona siku, mutaona dola, mutaona majina ya madini. Tafuteni neno "abiria". Tafuteni polepole. Ku upande wa Angola angalau kampuni ya serikali, CFB, imebaki na kazi ya kubeba watu wakati wengine wanabeba mizigo. Huku kwetu, kutoka Kolwezi mpaka Dilolo, zaidi ya kilomita 400, nani ametuambia mama wa Kasaji atapanda gani, siku gani, kwa bei gani?

"Treni ya watu hailipi"

Hilo njo jibu tunalopewa kila mara. Wanasema abiria wanaleta hasara, reli inaishi na mizigo.

Ni kweli kwamba mizigo inalipa kuliko watu. Karibu kila mahali duniani iko vile. Lakini sababu hiyo hiyo njo inaonyesha feza itoke wapi. Kama vagoni ya shaba inapita juu ya udongo wetu na inaingiza faida, sehemu ndogo ya ile faida inaweza kuvuta behewa mbili za watu nyuma. TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam mpaka Kapiri Mposhi, ilijengwa na Wachina mu miaka ya 1970 ili shaba ya Zambia ipate bahari bila kupita kwa makaburu. Ilikuwa reli ya shaba. Lakini ilipewa treni za abiria tangu mwanzo, na mutu wa Mbeya ao wa Kasama anaweza kukueleza ginsi alivyoona twiga na tembo kupitia dirisha katika pori la Selous. Reli ile imepata shida zake nyingi, tunajua. Lakini hakuna aliyesema kwamba ilijengwa juu ya mali peke yake. Kenya, tangu 2017, watu wanapita Tsavo mu treni kati ya Mombasa na Nairobi. Tanzania, tangu 2024, treni ya umeme inabeba watu Dar es Salaam mpaka Dodoma. Umeme! Na sisi tulikuwa nao juu ya reli mu miaka ya 1950.

Kwa hiyo wasituambie haiwezekani. Watuambie tu kwamba hawajataka.

Na feza iko. Sheria ya madini ya 2018 inagawanya redevans hivi: 50% serikali kuu, 25% provinsi, 15% ile muji, komine ao shefri ambako mugodi uko, na 10% mufuko wa vizazi vijavyo. Juu ya ile, kila kampuni inayochimba inapaswa kutoa 0.3% ya mauzo yake kwa maendeleo ya wenyeji. Sisi ni wenyeji. Sisi ni vizazi vijavyo pia, na tumeshafika, tuko na miaka 20. Treni ya watu kati ya Kolwezi na Dilolo si maendeleo? Lagare yenye choo, maji na taa si maendeleo?

Tunaomba nini

Hatuandiki ili kulia tu. Tunaomba mambo manne, na tunayaandika hapa ili kesho asiwepo wa kusema hakusikia.

Moja. Mukataba wowote wa kutengeneza reli upande wa Congo utangazwe wote, si kipande, mbele ya kazi kuanza. Amri ya Mai 2011 inaagiza mikataba ya mali asili itangazwe. Reli inayobeba ile mali haipaswi kufichwa wakati mali yenyewe imeandikwa wazi.

Mbili. Ndani ya ule mukataba kuandikwe treni ya abiria: mara ngapi kwa juma, inasimama wapi, bei yake ni gani kwa mutu wa kawaida. Ahadi ya mudomo hatutaki tena. Kitu kisichoandikwa mu mukataba, hakiko.

Tatu. Nyumba zilizo karibu na reli. Hapa Kolwezi watu wengi wamejenga pembeni ya njia, wengine tangu miaka, wengine na karatasi ya serikali mukononi. Wanauliza: watabomoa mita ngapi? Hakuna anayewajibu sawasawa. Tumeshaona Kasulo, ginsi watu walivyohamishwa sababu kobalti iko chini ya vyumba vyao. Tumeshaona mitaa mingine inavyokulwa na karieri. Kifungu cha 34 cha Katiba kinasema mutu hawezi kunyanganywa mali yake isipokuwa kwa faida ya watu wote, na mbele alipwe malipo ya haki. Mbele, haiko nyuma. Basi wapime wazi mchana, mbele ya wenyewe, watangaze vipimo, walipe, kisha ndiyo wabomoe kama ni lazima.

Nne. Pale barabara inapokata reli kuwekwe vizuizi, taa na walinzi, mbele treni hazijaongezeka. Ule mutoto wa asubui ile, kesho atavuka peke yake.

Na sisi, je? Tusingojee tu. Wewe uliye mwanafunzi wa sheria, tafuta zile karatasi, uzisome, utueleze kwa Kiswahili. Wewe uliye na simu nzuri, nenda ku lagare ya muji wako, piga picha ya ginsi ilivyo leo, andika tarehe. Wewe uliye na nkambo aliyetumika kazi ya reli, keti naye jioni moja, muulize aliona nini, urekodi sauti yake mbele hajaenda nayo. Wewe unayeishi pembeni ya reli, jiungeni nyumba kwa nyumba, muandike majina na muda mulioishi pale, muwe na nakala. Hakuna jiwe la kurusha, hakuna reli ya kungoa. Anayengoa reli usiku auze chuma anatuibia sisi sote, hata kama ni rafiki yetu. Nguvu yetu ni kuona, kuandika na kusimama pamoja.

Kuko wanaosema tutachoka. Wako sawa, tutachoka. Lakini vile vilima vipara vya Fungurume vinachimbwa kila siku. Vingine nilivyoonyeshwa na nkambo havipo tena. Pale kuna shimo. Mutoto atakayepita mu dirisha kisha miaka kumi hataona ile niliyoiona mimi. Angalau aone ile itakayobaki. Aone shimo, aulize ni nani alichimba na feza ilienda wapi. Mutoto anayeuliza vile hadanganywi kwa urahisi, na pengine njo maana watu wengine hawana haraka ya kurudisha madirisha.

Nkambo alikufa mbele ya hii habari ya kolidori. Angekuwa hai ningemuletea zile hotuba nimusomee. Namujua. Angesikiliza yote, tani na dola, halafu angeuliza ulizo moja tu, la mufanyakazi wa reli:

"Sawa. Na batu, bataketi wapi?"

Tunangojea jibu. Tutakuwa ku lagare.